Kimo cha Tela: Futikamba Kabla ya Mashine ya Kuchomelea

Hotuba kwa mafundi, madereva na wenye boti, Wete, Pemba

Assalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

Waheshimiwa masheha, ndugu zangu mafundi, madereva, manahodha, mabibi na mabwana.

Tela ikiletwa karakana kwa habari ya kimo, maneno ya mwenyewe huwa ni mojawapo kati ya mawili: "Ninyanyulie" au "Niteremshie." Mwenye boti anataka ishuke, boti ielee upesi ikifika majini. Anayepita njia za mawe kule Micheweni anataka ipande, ekseli isigonge. Wote wawili wana haki yao. Tatizo ni kwamba fundi naye huitikia, akachukua mashine ya kuchomelea, na futikamba ikabaki mfukoni. Mafundi wetu wanajua kuchomelea, hilo halina ubishi. Kinachotuangusha ni kipimo. Leo tunaomba jambo moja lishike: kimo cha tela hupimwa ikiwa na mzigo wake, juu ya ardhi iliyo bapa, na kwa kulinganishwa na gari itakayoivuta. Ukipima hivyo, mara nyingi utakuta ekseli haina kosa, kilichokaa pabaya ni boli la kwenye gari, lile tufe la chuma la nyuma linalofungiwa tela.

Tuanze na kupima.

Tafuta sakafu ya zege, uweke pima maji uhakikishe haikulala upande. Jaza tairi zote upepo uliotakiwa, maana tairi moja laini linashusha upande mzima, ukadhani kamani, yaani springi, imelala. Kisha pakia tela kama inavyosafiri. Ikiwa ni ya boti, basi boti iwe juu, mashine yake nyuma na mafuta ndani. Ikiwa ni ya mizigo, weka mzigo wa kawaida. Tela tupu haikwambii chochote, kwa sababu kamani hazijabonyea na kichwa, yaani kifungio cha mbele cha tela, kiko juu kuliko kitakavyokuwa barabarani.

Sasa nyanyua au shusha shingo ya tela kwa jeki yake mpaka pima maji juu ya chasisi iseme sawa. Pima kutoka sakafuni hadi katikati ya kikombe cha kichwa, pale boli linapoingia. Andika. Nenda kwenye gari, watu na mizigo yake iwemo, na uzito wa tela uwe tayari umekaa juu ya boli, kwa sababu gari hushuka nyuma ikibeba. Pima kutoka sakafuni hadi katikati ya boli. Andika tena.

Chukua mfano. Tela ikiwa bapa kichwa kinasoma milimita 460. Boli la gari linasoma 400. Tofauti ni milimita 60, maana yake tela hii ikifungwa itasafiri imeinamisha pua. Mwenye tela ataona nyuma imeinuka, aseme, "Fundi, ishushe ekseli." Lakini ukibadili bamba la boli, ukaweka lile lenye matundu mengi ya kupandisha na kushusha, kazi ni bolti mbili na nusu saa. Hukuchomelea kitu, hukugusa kamani wala breki. Na siku tela ikivutwa na gari nyingine, unabadilisha tundu tu. Kwa tela ndogo za Ulaya kipimo cha kawaida cha katikati ya boli, gari ikiwa na mzigo, ni kati ya milimita 350 na 420, na zilizotengenezwa kwa kipimo hicho huja na shingo ya kimo hicho hicho. Gari yenye miguu mirefu ikiivuta tela ya namna hiyo, pua lazima ipande juu, na dawa ni bamba linaloshusha boli.

Hapo hapo kwenye boli, angalieni ukubwa wake. Kuna maboli ya milimita 50 na kuna ya inchi 2, ambayo ni milimita 50.8. Kwa macho huwezi kuyatofautisha. Kichwa cha inchi 2 juu ya boli la 50 hucheza na kugonga, na kwenye shimo kinaweza kuchomoka. Kichwa cha 50 juu ya boli la inchi 2 huenda kisifunge hadi mwisho, na dereva akaondoka akidhani kimefunga. Namba hupigwa juu ya boli na juu ya kichwa, zisomeni kabla ya kuamini.

Kwa nini tunahangaika na tela kukaa bapa? Pua ikipanda, mzigo huegemea nyuma, kichwa kikawa chepesi, na tela nyepesi ya kichwa huanza kuyumba mkia mara gari ikishika kasi au ikiteremka mlima. Pua ikiinama sana, kichwa huwa kizito, gari hukaa chini nyuma, na magurudumu ya mbele ya gari hupoteza mshiko. Kuinama kidogo ni afadhali kuliko kupanda kidogo. Uzito wa kichwa uwe karibu sehemu moja ya kumi ya uzito wote wa tela na mzigo, na boti nyingi hukubali hata sehemu moja ya ishirini. Tela ya kilo 800, basi, kilo 40 hadi 80, na kwa mizigo ya kawaida tunapendelea kilo 60 kwenda juu. Mizani ya kupimia magunia ya karafuu inatosha kabisa: iweke chini ya kichwa, katikati pasimame gogo lenye urefu wa kufikisha kichwa kwenye kimo cha boli, usome. Kichwa kikiwa chepesi, sogeza mzigo mbele. Hapo hakuna la kufanya kwenye ekseli.

Tela yenye ekseli mbili inadai ubapa zaidi, na hapa inabidi kwanza tujue aina za kubebea.

Gari ya ng'ombe tuiweke kando, maana ekseli yake ya gari kuukuu imefungwa moja kwa moja kwenye mbao, haina kamani, na mwendo wa ng'ombe hauidai. Tela inayovutwa na injini inaidai.

Ya kwanza na inayojulikana zaidi ni kamani za majani, au springi kama wanavyosema wenzetu wa bara. Mbele kuna jicho lenye bushi na pini, nyuma kuna shekeli, yaani vipande viwili vya chuma vinavyobembea ili kamani ipate nafasi ya kurefuka inapobonyea. Nyingine hazina shekeli nyuma, jani la juu huteleza tu ndani ya kibanda chake. Hizo ni rahisi na hazina bushi ya kuisha upande wa nyuma, ila hugonga tela ikiwa tupu, na kibanda hulika. Uzuri wa kamani ni kwamba kila kipande kinabadilishwa peke yake, na tela yenye ekseli mbili huwekewa kipande cha mizani katikati, kinachobembea kati ya kamani ya mbele na ya nyuma. Gurudumu moja likipanda jiwe, mizani inagawa uzito kwa jirani yake. Tela ya namna hii husamehe kidogo ikiwa haikukaa bapa.

Ya pili ni ekseli ya mpira. Kwa nje unaona bomba la pembe nne tu na mkono mfupi kila upande unaobeba gurudumu. Ndani ya bomba kuna chuma kingine cha pembe nne kilichogeuzwa, na katika zile pembe nne zinazobaki wazi zimeshindiliwa fimbo za mpira. Mkono ukipanda, chuma cha ndani kinataka kuzunguka, mpira unabanwa na kukataa. Hakuna jani, hakuna shekeli, hakuna kelele, na tela hukaa chini vizuri. Lakini ekseli mbili za mpira hazina mizani kati yake, kila moja inabeba kile chasisi inachoikandamizia.

Tuhesabu ule mfano wetu wa milimita 60. Kutoka kichwani hadi ekseli tuseme ni mita 3, basi mwinamo ni milimita 20 kwa kila mita. Ekseli mbili zikiwa mbali milimita 850, chasisi juu ya ekseli ya mbele itakuwa chini kwa milimita 17 kuliko juu ya ile ya nyuma. Ikiwa mzigo huo hubonyeza mpira milimita 50 tela ikiwa bapa, sasa ya mbele inabonyea karibu 58 na ya nyuma karibu 42. Ya mbele inabeba takriban asilimia 17 zaidi ya fungu lake. Tairi zake zitapata joto, beringi zake zitakwisha mwanzo, na mwenyewe atalaumu beringi.

Ya tatu ni springi za duara zenye mkono na shokapu kwa kila gurudumu. Ni nzuri kwa njia mbovu, ni ghali, na vipande vyake ni vingi. Tunazitaja tu mzijue. Ya nne ni baluni za upepo kwenye matela makubwa ya makontena, nazo tutazifikia.

Turudi kwenye kamani, kwa sababu ndiko kazi nyingi ziliko na ndiko watu wanakoharibu.

Kamani inaweza kufungwa juu ya ekseli au chini yake. Ikiwa chini ya ekseli, tela iko chini. Ukihamisha ekseli ikaenda chini ya kamani, tela inapanda. Inapanda kiasi gani? Msikisie. Jumlisha unene wa ekseli, unene wa majani yote kwa pamoja, na unene wa kikalio, yaani bamba la kwenye ekseli linalokaliwa na kamani, mara mbili. Ekseli ya bomba la milimita 50, kamani ya majani 5 ya milimita 6, yaani 30, na kikalio cha milimita 6 mara mbili, yaani 12. Jumla 92. Tela itapanda sentimita 9 na kidogo. Jiulize kabla ya kuanza kama unazihitaji zote, kwa sababu zinakuja na gharama. Kitovu cha uzito kikiwa sentimita 90 kutoka ardhini kitakuwa 99, na uwezo wa tela kusimama kwenye kona bila kupinduka unapungua karibu asilimia 9. Mwenye kuvuta tangi la maji la lita 1,000 kwenye kona za milimani azingatie hilo zaidi, kwa kuwa maji yenyewe huhama upande anapokata kona.

Kama jibu ni ndiyo, kazi iende hivi. Tela iwe tupu, kabari mbele na nyuma ya magurudumu. Pima kimo cha chasisi pembe zote nne, uandike kwa chaki kwenye chuma chenyewe. Jeki iwekwe kwenye chasisi, kisha stendi. Msiinue tela kwa kuweka jeki katikati ya ekseli ya bomba, inapinda, na ikishapinda magurudumu hayanyooki tena. Toa magurudumu. Piga alama ya rangi juu ya ekseli, uandike JUU, MBELE, KULIA.

Alama hiyo ina sababu. Ekseli nyingi za bomba zimepindwa kidogo makusudi, katikati iko juu kuliko ncha, ili zikipakiwa zinyooke. Fundi mwenye haraka huona vikalio viko upande mmoja, akaipindua ekseli nzima juu chini ili asichomelee. Sasa ule mpindo unaangalia chini, magurudumu yanalala ndani kwa juu, na tairi jipya linalika ukingo wa ndani peke yake. Ekseli ibaki na JUU yake juu. Vikalio ndivyo vinavyotengenezwa vipya upande wa pili, sambamba na vya zamani, umbali wa kati kwa kati ule ule wa kamani.

Wakati wa kuchomelea vikalio, waya wa ardhi ubane kwenye ekseli yenyewe, karibu na unapochomelea. Ukiubana kwenye ringi au kwenye habu, yaani kitovu cha gurudumu, umeme utapita ndani ya beringi na kuacha vidonda kwenye gololi na njia zake. Baada ya mwezi beringi inanguruma na hakuna anayekumbuka ilianza wapi. Chomelea vipande vifupi, kushoto kidogo, kulia kidogo, uache vipoe. Joto la mstari mmoja mrefu huvuta bomba. Na kamani yenyewe isiguswe na moto hata kidogo. Jani la kamani ni chuma kilichopikwa kikapozwa kwa kipimo, ukilichomelea au ukilipasha moto ili "likunje vizuri" umelirudisha kuwa bapa la kawaida karibu na pale, na hapo ndipo litakapovunjika.

Unaporudisha, kichwa cha bolti ya katikati, ile inayoshika majani ya kamani pamoja, kikae ndani ya tundu la kikalio. Ndicho kinachoizuia ekseli isirudi nyuma. Yubolti, yaani bolti za umbo la U zinazobana kamani na ekseli, ziwe mpya, kwa maana za zamani zimeshavutika na nyuzi zake zina kutu, na kwa kuwa unene umebadilika huenda hata urefu haufai. Kaza kwa mshazari, kidogo kidogo kwa zamu, usimalize moja kwanza. Kwa yubolti ya nusu inchi nguvu ni kama Nm 60 hadi 95 kwa spana ya kupimia, na kipimo cha mtengenezaji kikipatikana kifuatwe hicho. Bolti za shekeli ni jambo jingine: zinatakiwa zishike lakini shekeli ibembee. Ukizibana hadi mwisho kamani haipumui, na tela inakuwa kama ile gari ya ng'ombe.

Kabla ya magurudumu kugusa ardhi, angalia waya wa taa, waya au bomba la breki. Ekseli imeshuka sentimita 9, je, vinafika bila kuvutika? Kisha angalia juu ya tairi. Hadi madigadi kuwe na angalau milimita 75 tela ikiwa imepakiwa, hiyo ndiyo nafasi ya kupanda na kushuka. Anayeteremsha tela ndiye hasa apime hapa, kwa sababu kila sentimita aliyoshusha ameikata humo.

Mwisho wa kazi hiyo ni kunyoosha. Pima kutoka katikati ya kikombe cha kichwa hadi ncha ya ekseli kushoto, kisha kulia. Tumia waya mwembamba uliovutwa, futikamba ndefu hubonyea katikati ikadanganya. Tofauti isizidi milimita 3. Ikizidi, tela itakwenda kimshazari nyuma ya gari na tairi zitalika kama zimepigwa tupa.

Wapo wanaotaka kupandisha kidogo tu, sentimita 4 au 5. Kipande cha kunyanyulia kati ya kamani na ekseli, kamani ikiwa juu, kinakubalika ikiwa ni chuma kizito, kimoja kwa kila upande, chenye tundu la bolti ya katikati juu na kichwa chake chini. Ubao haufai hata uwe mninga, unakauka, unapungua na yubolti zinalegea. Vipande viwili kimoja juu ya kingine navyo havifai, breki zikishikwa ekseli hujizungusha na kuvitema. Njia nyingine ni tairi. Tairi la 155R13 lina kipenyo cha karibu milimita 580, la 185R14 karibu 650. Tela inapanda nusu ya tofauti, kama 35, ila ringi ni nyingine, na nafasi ya madigadi inapungua kwa kiasi hicho hicho.

Kuongeza jani tunakukataza kama njia ya kupandisha. Kweli inapanda, lakini kamani inakuwa ngumu, tela tupu inaruka kila tuta, na mwenyewe anadhani sasa anaweza kupakia zaidi. Uwezo wa tela ni wa kile kilicho dhaifu kuliko vyote, iwe tairi, beringi, ekseli au kichwa, na jani la ziada halikuviongezea hivyo kitu. Kama kamani imelala upande mmoja, badilisha zote mbili, kwa sababu mpya na kuukuu hazibonyei sawa.

Ekseli ya mpira haina marekebisho ya kimo ndani yake. Kimo chake kimeamuliwa kiwandani kwa urefu wa mkono na pembe yake. Mkono wa milimita 150 ukielekea chini digrii 22.5 unaweka gurudumu milimita 57 chini ya bomba. Ukiwa digrii 45, milimita 106. Kwa hiyo anayeagiza ekseli mpya aseme pembe anayotaka, asiseme uzito peke yake. Anayetaka kupandisha iliyopo aweke kipande kati ya mguu wa ekseli na chasisi: bomba la mraba la milimita 50 lenye ukuta usiopungua 4, lenye urefu wa mguu mzima, bolti za daraja 8.8, na ndani ya kila tundu kijibomba cha kupitishia bolti, la sivyo utakapokaza bomba litabonyea na bolti italegea yenyewe. Moto usikaribie bomba la ekseli. Mpira ulio ndani huoni ukiungua, utaona tu gurudumu limelala.

Mpira ukizeeka unajulikana hivi: nyanyua tela tupu mpaka magurudumu yaning'inie, uangalie mikono. Ikiwa ilitoka kiwandani ikielekea chini na sasa imenyooka kama mtu aliyenyosha mguu, umekwisha. Hautengenezwi, ekseli nzima hubadilishwa.

Kwa matela ya baluni, kimo ni umbali kutoka chini ya chasisi hadi katikati ya ekseli, na namba yake imeandikwa kwenye bamba la mtengenezaji. Ndiyo namba pekee inayokubalika. Simamisha tela bapa, kabari, breki za tela ziachwe, mita ya upepo isome angalau bar 6. Tenganisha fimbo inayounganisha ekseli na mkono wa valvu, ile inayoingiza na kutoa upepo wa baluni. Shusha mkono baluni zitoe upepo, kisha upandishe taratibu hadi kimo kifike, urudishe mkono katikati. Ngoja, kwa sababu valvu nyingi huchelewa sekunde kadhaa kujibu, na anayefukuzana nayo hatapata kimo milele. Mkono ukiwa katikati, rekebisha urefu wa fimbo uifunge bila kuusogeza mkono. Ipime tena baada ya kutoa upepo wote na kujaza upya. Kimo kikiwa chini, tela hukalia vizuizi vyake na kila shimo linaingia kwenye chasisi. Kikiwa juu, baluni na shokapu zimevutika hadi mwisho, hazina pa kwenda.

Nimebakisha chumvi, kwa sababu hapa kwetu chumvi huua tela nyingi kuliko mzigo.

Mwenye boti ana sababu njema ya kutaka tela ya chini. Ufuko ukiteremka mita 1 kwa kila mita 8, tela iliyopandishwa sentimita 10 inabidi iingie sentimita 80 zaidi ndani ya maji ili boti ielee. Ufuko uliolala, mita 1 kwa 20, ni mita 2 nzima, na magurudumu ya nyuma ya gari yanaifuata. Maji mafu au bamvua, hesabu hiyo haibadiliki. Kwa tela ya boti, basi, kamani chini ya ekseli au ekseli ya mpira ndiyo sawa. Lakini kadiri ilivyo chini ndivyo inavyokunywa.

Habu iliyotoka barabarani ina joto. Ukiitumbukiza baharini papo hapo, hewa ya ndani inasinyaa na kuvuta maji kupitia kwenye sili. Grisi inageuka rangi ya maziwa, beringi inashika kutu. Ngoja nusu saa, mkono ukae juu ya habu bila kuungua. Tumia grisi ya baharini. Siku hiyo hiyo, si kesho, osha kwa maji matamu: kati ya majani ya kamani, ndani ya shekeli, ndani ya bomba la ekseli ya mpira kupitia ncha zake, juu ya nyuzi za yubolti. Yubolti huliwa mahali pasipoonekana, pale inapokunja juu ya ekseli na pale inapoingia kwenye bamba. Igonge kwa nyundo ndogo. Ikilia, bado nzima. Ikijibu kwa sauti ya kufa, na magamba ya kutu yakianguka, pima shingo yake kwa kalipa. Iliyokuwa milimita 12 ikisoma 10, nguvu yake iliyobaki ni kama theluthi mbili tu.

Baada ya kazi yoyote ya kimo, tela ikienda kilomita 50 za kwanza irudi, yubolti na nati za magurudumu zikazwe tena, za magurudumu kwa mtindo wa nyota. Vyuma vipya na rangi mpya hukaa, na vikikaa hulegea. Mwambieni mwenye tela kabla hajaondoka, mwandikieni hata juu ya madigadi kwa chaki.

Pale nje chini ya mwembe kuna tela mbili, moja ya kamani na moja ya mpira, zote zimepakiwa. Futikamba, pima maji, mizani na chaki vipo juu ya meza. Gari ya kuvutia imesimama kwenye zege. Tugawane makundi mawili, kila kundi liandike kimo cha kichwa, kimo cha boli na uzito wa kichwa, kisha tubadilishane tela na kupima upya. Namba zikitofautiana kwa zaidi ya milimita 5, tutatafuta nani alisahau upepo wa tairi.

Ahsanteni sana. Karibuni nje.